Nyumba ya zamani katikati ya Dodoma: ubomoe yote, ukarabati, au ubomoe kwa awamu?

Nyumba yetu ya Chang'ombe ina vyumba sita, ukumbi katikati, na uani kuna jiko, choo na mwarobaini ambao kila mpangaji aliyewahi kupita pale amefungia kamba ya nguo. Baba aliijenga kwa mshahara, chumba kwa chumba. Tangu Serikali itangaze Julai 2016 kwamba sasa inahamia Dodoma kwa vitendo, hakuna kikao cha familia kilichokwisha bila mtu kutamka "tubomoe". Kaka mkubwa anataka ghorofa yenye fremu za biashara chini. Dada anasema tubadilishe bati, tupige vigae, tupandishe kodi. Mama ana swali moja tu, na mpaka leo hajajibiwa: "Mkishabomoa, mimi nalala wapi?"

Najua hatuko peke yetu. Manispaa ilipandishwa hadhi kuwa Jiji tarehe 26 Aprili 2018. Sensa ya 2022 ikahesabu watu zaidi ya 765,000 ndani ya Jiji. Treni ya SGR kutoka Dar es Salaam ikaanza kufika 2024. Wizara zimejaa Mtumba, kwenye mji wa Serikali nje kidogo, lakini soko, stendi na shughuli za kila siku bado zinavutia watu kuja katikati, kwa hiyo viwanja ambavyo wazee wetu walivipata bila makelele leo vinapigiwa simu na madalali usiku. Miji hujifanya upya kwa kubomoa. Hilo halina ubishi. Anayeulizwa ni mwenye nyumba: wewe ubomoe kiasi gani, na lini?

Njia kuu ni tatu: kubomoa yote na kujenga upya, kukarabati nyumba iliyopo, na kubomoa kwa awamu. Ipo ya nne, ubia na mwekezaji, nitaigusa mwishoni kwa ufupi kwa sababu hiyo ni ndoa zaidi kuliko ujenzi.

Kwanza, tunapima kwa vipimo gani?

Watu wengi huanza na umri wa nyumba. "Ya mwaka 1978 hiyo, imechoka." Umri peke yake haukuambii kitu. Nimeona nyumba za miaka ya sabini zimesimama wima, na za juzi Nkuhungu zimepasuka kama ukingo wa bwawa kiangazi. Vipimo vyangu ni vitano.

Msingi na udongo. Dodoma ina sehemu zenye changarawe na miamba, na ina sehemu zenye udongo mweusi wa mbuga, ule unaopasuka kiangazi na kuvimba mvua zikija. Juu ya udongo huo nyumba hupanda na kushuka kila mwaka, na ufa huanzia kwenye kona ya dirisha kuelekea juu kwa mshazari. Chimba shimo moja pembeni mwa kona ya nyumba hadi uone kitako cha msingi. Angalia kina, angalia udongo, angalia kama ni zege, mawe au tofali tu. Halafu kwenye kila ufa mkubwa paka bonge dogo la plasta ya jasi likivuka ufa, uandike tarehe kwa kalamu. Subiri masika ipite. Plasta ikibaki nzima, ufa ni wa zamani, umelala. Ikikatika, nyumba bado inatembea. Kipimo hiki hakigharimu hata bei ya soda mbili na kinasema ukweli kuliko fundi anayetafuta kazi.

Karatasi. Hati iko kwa jina la nani? Kama mwenye jina ni marehemu, msimamizi wa mirathi amethibitishwa mahakamani? Kiwanja kiko kwenye mpango gani wa Jiji: makazi, biashara, mchanganyiko? Kumbuka mji huu ulipangwa mapema. Mpango kabambe wa kwanza wa makao makuu ulitengenezwa 1976 na kampuni ya Project Planning Associates ya Toronto, na CDA, mamlaka ya kustawisha makao makuu, iliusimamia mji tangu 1973 hadi ilipovunjwa Mei 2017 na kazi zake kuhamia halmashauri. Kuna familia ambazo karatasi zao bado zina harufu ya enzi hizo, na zinahitaji kuhuishwa kabla mtu hajanunua hata mfuko mmoja wa saruji.

Pesa na muda. Hapa usihesabu saruji peke yake. Hesabu na kodi utakayokosa.

Watu. Nani analala ndani, nani ni mpangaji, ukuta wa nani umeegemea wako.

Kifusi na vumbi. Kipimo hiki watu hukisahau kabisa, kisha kinawadai barabarani.

Njia ya kwanza: kubomoa yote na kujenga upya

*Msingi na udongo.* Hapa ndipo njia hii inapojilipa. Ukiwa na kiwanja kitupu unaweza kutoa udongo mweusi, kujaza moramu na kuushindilia kwa tabaka, kusuka nguzo na mkanda, na kujenga kitu kinachostahimili mtikisiko. Dodoma imekaa kwenye mkono wa mashariki wa Bonde la Ufa, na mtu aliyekulia hapa ameshawahi kuamshwa na vyombo vinavyogongana kabatini. Kama unataka ghorofa, hakuna mkato: msingi wa nyumba isiyo ya ghorofa, yenye kuta za tofali, haukuwekwa kubeba sakafu ya pili. Tangu jengo la ghorofa liporomoke Kariakoo tarehe 16 Novemba 2024 na kuua watu, mimi simsikilizi tena fundi anayesema "tutaweka nguzo mbili tatu, itabeba tu".

Ila msingi wa zamani nao ung'olewe. Ukuta mpya ukikaa nusu juu ya msingi wa zamani na nusu juu ya ardhi mpya, upande mmoja utashuka na mwingine utabaki. Na kuna jambo ambalo ramani haitakuonyesha. Mtaa wetu, jirani alileta kijiko, ule mtambo wa kuchimba, kusafisha kiwanja baada ya kubomoa. Dereva alikuwa ameshaanza kurudi nyuma pale mzee wa nyumba ya pili alipotoka na fimbo yake, akapiga kelele, "Simama hapo, chini yako kuna choo!" Wakacheka. Wakapima kwa mtaimbo, ukazama hadi mkononi. Viwanja vya zamani vina mashimo mawili, matatu, yaliyofukiwa kwa nyakati tofauti, na kumbukumbu yake iko vichwani mwa wazee. Kabla ya kijiko, kaa na mzee kwa kahawa.

*Karatasi.* Nyumba ya zamani ikiwa imesimama inavumiliwa na mambo mengi. Siku unapoibomoa, unarudi mezani kama mtu mpya: umbali kutoka mpakani, maegesho, sehemu ya kiwanja inayoruhusiwa kufunikwa, matumizi ya eneo. Unaweza kukuta nyumba mpya inaruhusiwa kukaa kwenye eneo dogo kuliko ile uliyoiangusha. Kwa hiyo mpangilio ni huu: mpima ahakikishe bikoni za mpaka, mchoraji achore, Jiji litoe kibali cha ujenzi, na ruhusa ya kubomoa uiulize palepale, ndipo nyundo iguse ukuta. Nimeona familia ikianza na nyundo. Walikaa na kiwanja kitupu kipindi chote cha kufuatilia makaratasi, na watoto wa mtaa wakageuza uwanja wa mpira.

*Pesa na muda.* Chukua mfano wetu. Vyumba sita vikikaa bila mpangaji miezi 18, ni kodi 108 za mwezi zimepotea. Zidisha kwa kodi ya chumba chako. Ongeza kodi ya nyumba ambayo mwenyewe utapanga wakati huo. Hiyo ndiyo bei ya kwanza ya kubomoa, na haipo kwenye makadirio ya fundi yeyote. Kwa upande mwingine, kazi inayokwenda kwa mkupuo mmoja huwa rahisi kusimamia, unanunua vifaa kwa wingi, na jengo likiisha linaweza kuingiza mara nyingi ya ulichokuwa unapata. Hata vilivyobomolewa vina thamani: milango ya mninga, grili, bati zinazofaa, kenchi za mbao zinazobeba paa. Mafundi wengine hupunguza bei ya kubomoa kwa makubaliano kwamba vitu hivyo ni vyao. Andikeni, msikubaliane kwa mdomo. Bibi alipohama tembe lake kule Bahi, nguzo nzima ziling'olewa moja moja zikaenda kusimama kwenye tembe jipya; sisi tumesoma tukasahau.

*Watu.* Njia hii haina mahali pa mama kulala. Lazima pawepo kabla ya siku ya kwanza, na pawe pamelipiwa muda mrefu kuliko unavyodhani. Dar es Salaam kuna somo kubwa: wakazi wa Magomeni Kota waliondolewa mwanzoni mwa muongo wa 2010, na nyumba mpya za familia 644 zilizinduliwa Machi 2022. Leo ni majengo mazuri. Lakini mtoto aliyetoka pale darasa la kwanza alirudi ameshamaliza sekondari. Kama mradi wa Serikali ulichukua muda huo, wewe na akaunti yako ya benki mjitafakari.

*Kifusi na vumbi.* Tufanye hesabu. Kuta zetu zote zikinyooshwa zinafika kama mita 65, kimo mita 2.7, ukitoa milango na madirisha zinabaki mita za mraba 150 hivi. Unene na plasta ni sentimita 15, kwa hiyo ni mita za ujazo 22. Jamvi, yaani zege la sakafu, la mita za mraba 100 lenye sentimita 10 linaongeza 10. Jumla 32, na kila mita moja ina uzito wa tani mbili hivi: tani 64. Fuso ya tani saba itakwenda safari tisa au kumi, kabla hujagusa msingi. Vipande safi vya zege na tofali vinafaa kujaza chini ya jamvi jipya, hivyo usitupe vyote. Vumbi nalo: katikati ya mwaka upepo wa Dodoma haumwonei mtu haya, utapeleka unga wa kuta zako kwenye sufuria za jirani. Mwagia maji, hata kama maji yenyewe ni ya mgao.

Kama paa ni la asbesto, zile karatasi nzito za kijivu zenye mawimbi, simama kabisa. Nyuzi zake zikivunjwa huingia kwenye mapafu na kuleta saratani miaka mingi baadaye. Hazivunjwi kwa nyundo, hazikatwi kwa msumeno, hazirushwi chini. Ulizia NEMC, baraza la mazingira, utaratibu wake, zishushwe nzima zikiwa zimeloweshwa, na walio kazini wawe na barakoa za kazi hiyo. Kitambaa cha pua hakitoshi.

*Inamfaa nani?* Mwenye msingi ulioharibika, pesa ya kumaliza angalau hadi bati, pa kuishi pengine, na kiwanja ambacho mpango wa Jiji unakiruhusu kubeba zaidi ya kilichopo.

Njia ya pili: kukarabati

*Msingi na udongo.* Inawezekana tu kama lile shimo ulilochimba limekupa habari njema. Msingi ukiwa mzima, adui mkubwa wa nyumba za Dodoma ni maji yanayotuama ukutani na chumvi. Maji ya chini ya ardhi hapa yana chumvi, nayo hupanda ukutani, plasta ikavimba, rangi ikabanduka kama magamba, tofali likaanza kuliwa futi mbili za chini. Ukipiga plasta mpya juu ya chumvi, mwaka ujao utapiga tena. Bandua, acha ukuta ukauke kiangazi kizima, tengeneza kibaraza cha zege kuzunguka nyumba, weka mifereji ya bati ipeleke maji mbali, kisha ndipo upake. Watu hupenda kuanza na vigae vya sebuleni kwa sababu vinaonekana. Anza na paa na mifereji.

*Karatasi.* Nyepesi kuliko njia zote, lakini usidhani hakuna. Ukigusa kuta zinazobeba paa, ukiongeza chumba, au ukigeuza chumba cha barabarani kuwa fremu, unahitaji kibali. Mirathi pia haikwepeki: ndugu mmoja akikarabati kwa pesa yake nyumba ya wote, siku ya kugawana ndipo ugomvi unapozaliwa. Tunza risiti, na kikao kiandike muhtasari.

*Pesa na muda.* Faida yake ni kwamba pesa inaweza kutoka kidogokidogo na kodi inaendelea kuingia. Hasara ni mshtuko. Ukivua bati unakuta mchwa wamekula kenchi wakaacha ganda. Ukifungua dari unakuta nyaya za umeme zilizofungwa kwa nailoni. Mimi ningetenga theluthi moja juu ya makadirio kwa ajili ya hayo. Ni maoni yangu, wengine watakwambia robo. Na kuna ukomo: hata ukarabati mzuri vipi, vyumba sita vitabaki sita. Kama kiwanja chako kiko barabarani kabisa, kila mwaka unaokaa na nyumba ya chini kuna mapato unayoyaacha.

*Watu.* Mama anahamia chumba cha mbele, mnafanya vya nyuma, kisha mnabadilishana. Wapangaji wanavumilia kelele kama kodi imepunguzwa miezi hiyo. Hakuna anayetoka mtaani kwake. Ufaransa kuna wasanifu majengo, Anne Lacaton na Jean-Philippe Vassal, waliojenga jina kwa kukataa kubomoa. Kule Grand Parc, Bordeaux, walipanua nyumba 530 kwenye maghorofa ya zamani huku wakazi wakiendelea kuishi humo, na mwaka 2021 wakapewa tuzo ya Pritzker, kubwa kuliko zote kwenye fani yao. Kwao ilikuwa zege imara ya ghorofa. Kwetu mara nyingi ni tofali na bati, kwa hiyo usiichukue nzima nzima. Swali lao ndilo zuri: hiki kilichopo bado kina kazi gani?

Na hapa niseme neno kuhusu Uhindini, hapa hapa katikati ya mji. Yale maduka ya zamani yenye baraza mbele na nguzo zake fupi, mengine yana kuta nene kuliko chochote kinachojengwa leo. Sheria ya Mambo ya Kale ya 1964 hailindi kila jengo la namna hiyo, hivyo hakuna atakayekushika mkono. Lakini baraza lenye kivuli kwenye mji wenye jua kama hili ni mtaji. Hoteli mpya inatengeneza kivuli kwa mwavuli wa plastiki. Wewe unacho cha zege.

*Kifusi na vumbi.* Kidogo. Lori moja au mawili. Onyo la asbesto linabaki vilevile, pengine zaidi, kwa sababu watu wanaendelea kulala humo.

*Inamfaa nani?* Familia yenye mzee ndani, msingi mzima, pesa ya vipande, au mirathi ambayo bado haijakaa sawa.

Njia ya tatu: kubomoa kwa awamu

Nyumba nyingi za Kiswahili za Dodoma zimejengwa mbele ya kiwanja na kuacha uani. Njia hii inatumia nafasi hiyo: unajenga nyuma kwanza, watu wanahamia nyuma, ndipo nyumba ya mbele inashuka.

*Msingi na udongo.* Nyuma unapata msingi mpya kama wa njia ya kwanza. Hatari ni kuchimba mtaro wa msingi mpya ukinyonya nguvu ya ule wa zamani wenye watu ndani. Chimba vipande vifupi, usiache mtaro wazi mvua ikija, na usiunganishe ukuta mpya na wa zamani. Acha nafasi ya kuachana, kwa sababu kila mmoja una mwendo wake. Mashimo ya vyoo, kumbuka, yako huko huko uani. Ya mzee na fimbo yanahusu njia hii zaidi.

*Karatasi.* Ramani ya jengo zima ichorwe na kuombewa kibali tangu mwanzo, hata kama pesa iliyopo ni ya vyumba vitatu. Anayejenga nyuma "kwanza tuone" huja kugundua kwamba jengo la nyuma limekaa pale ambapo ngazi, maegesho au shimo la maji taka la jengo kubwa lilipaswa kukaa. Hapo ndipo unabomoa mara mbili.

*Pesa na muda.* Kwa ujumla wake ni ghali kuliko njia ya kwanza: mafundi wanakuja mara mbili, vifaa vinabebwa kwa toroli kupitia kichochoro kwa sababu lori haliingii, bei za saruji na nondo zinapanda katikati ya safari. Ila mapato hayakatiki kabisa. Tatizo lake ninalolihofia mimi liko pengine: kuridhika. Awamu ya kwanza ikiisha, ada za shule zinaingia, harusi inaingia, na nyumba ya mbele inabaki hivyo miaka kumi huku nondo za nyuma zikitoa kutu kuelekea mbinguni. Tembea Ipagala au Nzuguni uhesabu maboma, nyumba zilizoachwa bila kumalizika. Kila boma lilikuwa na awamu ya pili.

*Watu.* Swali la mama linajibiwa: analala mbele hadi nyuma ikamilike, kisha anahama hatua ishirini. Gharama yake ni kuishi kwenye eneo la ujenzi mwaka mzima. Weka uzio wa bati kati ya watoto na mtaro, na wapangaji wa uani wapewe taarifa mapema, kwa maandishi.

*Kifusi na vumbi.* Kiasi ni kilekile, kimegawanywa. Faida ni kwamba kifusi cha mwanzo kinajaza jamvi la mbele. Hasara ni kwamba hakuna pa kukiweka kwa muda.

*Inamfaa nani?* Mwenye kiwanja chenye kina, nidhamu ya pesa, na ramani moja ambayo ndugu wote wameisaini.

Ubia, kwa ufupi

Mwekezaji analeta pesa, familia inaleta kiwanja, jengo likiisha mnagawana sakafu. Tangu 2008 kuna sheria inayoruhusu hati ya sehemu ndani ya jengo moja, kwa hiyo familia inaweza kupata hati ya sakafu yake yenyewe. Dai hilo, usikubali "asilimia" ya maneno. Kama nyumba ni ya ndoa na hati inakwenda kuwekwa rehani benki, ridhaa ya mwenzi ni ya lazima kisheria. Mkataba useme nini kinatokea mwekezaji akiishiwa nyumba ikiwa imeshabomolewa. Wakili awe wenu, asiwe wa mwekezaji. Msingi, kifusi na kibali vinakuwa juu yake, mama bado ni juu yenu.

Sasa, kwa hali yako

Kama plasta zako zimekatika baada ya masika na shimo limeonyesha udongo mweusi, ukarabati ni kupaka poda. Chagua kati ya kubomoa yote na awamu, na kinachoamua ni kama uani panatosha.

Kama msingi ni mzima na mwenye nyumba ni mzee aliyezoea majirani zake, karabati. Kiwanja hakikimbii. Wajukuu watabomoa kwa pesa yao.

Kama mirathi haijakwisha, usibomoe chochote. Ziba bati linalovuja, lipa kodi ya ardhi, nendeni mahakamani kwanza.

Kama pesa unayo ya kufika kwenye linta tu, juu ya madirisha, usiguse ukuta wa zamani. Nyumba mbovu yenye bati inakulaza, boma halikulazi.

Kama uko barabarani, mpango wa Jiji unaruhusu ghorofa, familia ina pa kukaa na mkopo umeshakubaliwa kwa maandishi, bomoa yote, na anza Mei mara mvua zinapokatika. Una miezi kama saba ya ukavu kuondoa kifusi, kuchimba na kutoka ardhini kabla ya Desemba. Kabla ya nyundo, TANESCO waondoe umeme na DUWASA wafunge maji, kisha milango, bati, kenchi, na kuta kutoka juu kwenda chini. Atakayekwambia aanze kusukuma ukuta kutoka chini ili uanguke wenyewe, mlipe nauli arudi kwao.

Na kama umeamka ukakuta alama ya X ukutani, ya nyumba inayotakiwa kupisha barabara, hali yako ni tofauti na zote hizi. Sheria ya Barabara ya 2007 ilipanua hifadhi ya barabara kuu na za mkoa kutoka mita 22.5 hadi 30 kila upande kuanzia katikati, kwa hiyo swali la kwanza ni nyumba iko mita ngapi na ilijengwa lini. Kwa kawaida X ya kijani ni ya wanaostahili fidia na nyekundu ni ya waliojenga ndani ya hifadhi, lakini usitegemee rangi, uliza kwa maandishi kupitia ofisi ya mtaa. Usibomoe mwenyewe wala kuhamisha bati kabla mthamini hajapita. Piga picha kila chumba, choo, kisima na kila mti, mwarobaini ukiwemo. Sheria ya Ardhi ya 1999 inataka fidia kamili, ya haki na ya haraka, na ndani yake kuna thamani ya ardhi, maendelezo, usumbufu, usafiri na posho ya makazi. Soma fomu ya uthamini mstari kwa mstari kabla ya kusaini, na nakala moja ibaki kwako.